Birika la Bibi Rukiyah

Nyumbani kwa Shangazi Akiror hakuna aliyekunywa chai kwa raha. Si kwamba chai ilikuwa mbaya. Ilikuwa na maziwa ya kutosha na tangawizi ya kumwamsha hata aliyelala fofofo. Tatizo lilikuwa vikombe. Kila asubuhi Shangazi aliteremsha kutoka rafuni vikombe vipya vilivyotoka tanurini, akavimiminia chai, kisha akaketi kumtazama kila mnywaji kama mwalimu anayesimamia mtihani.

"Adeke, ukingo unaunguza mdomo?"

"Hauunguzi, Shangazi."

"Na kishikio?"

"Kinanibana kidole hiki cha kati."

"Enhe! Kinabana juu au chini? Usinywe haraka, nieleze kwanza."

Adeke alikuwa msichana wa miaka kumi na miwili, na asubuhi kama hizo hamu yake ilikuwa moja tu: amalize chai awahi shule. Lakini ilimbidi ageuze kikombe, akishike hivi na vile, aseme kinambana wapi na vipi. Kikombe chenye kasoro hakikutoka nje ya nyumba ile. Kilibaki hapo hapo kutumiwa na wenyeji, na ndiyo maana wageni walishangaa kumwona mfinyanzi hodari akinywea chai kikombe kilichopinda.

Karakana ya Shangazi ilikuwa kando ya barabara itokayo Tororo kwenda Malaba, mahali ambapo malori yalipanga foleni kuelekea mpakani. Udongo aliuchimba bondeni kule Merikit, karibu na shamba la wazazi wa Adeke. Wao ndio waliomleta binti yao akae na shangazi yake ili awe karibu na shule. Vyungu vya kupikia Shangazi alifundishwa na mama yake mzazi. Gurudumu la kuzungusha kwa mguu na tanuri la matofali alijifunza baadaye chuoni. Alifinyanga sahani, vikombe, magudulia na mitungi ya maji, vyote vya matumizi ya kila siku. Vyombo vya kuwekwa kabatini ili vitazamwe na wageni havikumvutia hata kidogo.

"Chombo hakianzii kwenye gurudumu," alipenda kusema. "Kinaanzia mkononi mwa mtu."

Na hakusema tu. Kabla ya kumfinyangia mtu chombo, alikwenda kwake, akaketi jikoni na kumtazama anavyofanya kazi. Mama mmoja muuza maandazi pale Malaba aliwahi kumuuliza, "Wewe nakuja kununua ama nakuja kupeleleza mimi?" Shangazi alicheka, akaendelea kutazama. Bakuli alilomfinyangia mama yule kwa ajili ya kukandia unga lilitulia mezani hata alipokanda kwa nguvu zake zote, na tangu siku hiyo hakuuliza tena.

Ijumaa moja alasiri alifika karakanani Mzee Mahmudu, mwenye malori ya mizigo. Adeke alimfahamu vizuri, kwa kuwa binti yake Hajara alisoma naye darasa moja. Mzee Mahmudu aliketi kwenye kigoda, akavua kofia yake, akaishika magotini.

"Dada Akiror, nimekuja kwa ajili ya mama yangu," alisema. "Vidole vyake vimekakamaa. Ni ugonjwa wa viungo. Anatembea, anakula, masikio yake ni mazima kuliko yangu. Lakini birika la kutawadhia hawezi kulishika. La plastiki linamponyoka, la bati ni zito. Alfajiri anaamka kabla ya adhana, anakaa kitandani gizani akingoja mmoja wetu aamke ammiminie maji. Hataki kutuamsha, eti asiwe mzigo. Siku nyingine tunapitiwa na usingizi, wakati wa sala unapita naye yuko macho. Mama yangu hajaacha sala ya alfajiri tangu alipokuwa msichana. Jambo hili linamuumiza, na mimi linaniumiza kumwona."

"Vidole vinakunjika kiasi gani?" Shangazi aliuliza.

"Hapo umenishika. Mimi kila siku niko njiani, na nikiwa mbele yake anajikaza."

"Basi ni lazima tumwone anavyonawa," alisema Shangazi.

Lakini kulikuwa na kikwazo. Sahani za hoteli moja ya Tororo zilikuwa zinaingia tanurini kesho yake, na tanuri likishawashwa haliachwi peke yake, kama vile mtoto mchanga. Shangazi alifikiri, kisha akamgeukia Adeke.

"Kesho nenda Malaba kwa akina Hajara. Mwambie Bibi Rukiyah nimekutuma. Mwombe ruhusa umtazame anapotawadha kwa ajili ya sala ya alasiri. Tazama mikono yake tu: inashika wapi, inasukuma wapi, inachoka wapi. Kisha uje unieleze."

"Sawa, Shangazi," alijibu Adeke, na alikuwa na nia kabisa ya kufanya hivyo.

Jumamosi alifika Malaba mapema. Bibi Rukiyah alikuwa ameketi uani juu ya mkeka, mwanamke mwembamba, mwenye macho ya uchangamfu. Marehemu mumewe alikuwa dereva kutoka upande wa Kenya, na Bibi aliongea Kiswahili kilichonyooka, jambo lililomfanya Adeke achague maneno yake kwa uangalifu.

"Shikamoo, Bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Karibu. Sharifah! Mletee mtoto chai na kitu cha kutafuna."

Sharifah, mama yake Hajara, alileta chai na sambusa. Adeke alikula, akashukuru, akaulizwa habari za shule, akajibu. Kila alipotaka kusema alilotumwa, ulimi ulikuwa mzito. Atamwambiaje mzee wa watu? Nimekuja kukutazama ukinawa? Yeye alikuwa mtoto wa kanisani. Hakujua hata kama mtu asiye Mwislamu anaruhusiwa kutazama. Isitoshe, Bibi aliificha mikono yake ndani ya mtandio, na Adeke aliona haya kuitazama.

Akiwa katika hali hiyo, Hajara alitoka ndani akikimbia na mpira uliosokotwa kwa soksi kuukuu.

"Adeke! Aki umekuja saa nzuri. Tunacheza kati kule nyuma na tumepungukiwa mtu mmoja."

Adeke alijiambia atacheza kidogo tu, kisha atarudi. Wewe unayesoma hapa unajua "kidogo" ya mchezo wa kati ilivyo. Aliukwepa mpira, akarushiwa tena, akaukwepa tena, wenzake wakamshangilia. Adhana ya alasiri ilipoadhiniwa aliisikia kabisa, akasimama, akatazama upande wa uani. Kisha mpira ukaja, akaruka. Aliporudi uani akihema, Bibi Rukiyah alikuwa ameshamaliza sala yake na Sharifah alikuwa anakunja mkeka. Adeke aliaga, akaenda zake.

Shangazi alimngoja kando ya tanuri, uso umewiva kwa joto.

"Haya, niambie. Alikaa au alisimama?"

Adeke angeweza kusema ukweli hapo hapo. Pengine angekaripiwa kidogo na mambo yangeisha. Lakini Shangazi alikuwa amechoka, naye hakutaka kumwona akikasirika.

"Alikaa," alisema. "Kwenye kigoda."

"Alishika kwa mkono gani?"

"Wa kulia."

"Vidole vilipita kwenye kishikio?"

Adeke alikuwa ameshasema uongo mara mbili, na sasa ulihitajika mwingine wa kuutegemeza ule wa kwanza. "Vilipita," alisema. "Ila polepole."

"Vyote?"

"Vitatu."

Shangazi alifumba macho, akakunja vidole vitatu hewani kana kwamba ameshika kitu. Uso wake ukachangamka. "Vitatu vinatosha kabisa! Kumbe hali si mbaya kama alivyosema mwanawe. Umefanya kazi nzuri, mwanangu."

Sifa hizo zilimchoma Adeke kuliko kofi.

Wiki iliyofuata Shangazi alifinyanga birika. Aliukanda udongo mpaka ukawa laini, akaliinua taratibu kwenye gurudumu, akapunguza unene wa kuta zake ili liwe jepesi. Kishikio alikipima kwa vidole vyake vitatu, akakipachika kwa subira. Kila siku Adeke alipotoka shule alilikuta birika rafuni likikauka, na kila siku alijiambia, leo nitasema. Lakini leo ilikuwa ngumu kuliko jana. Mwishowe birika likachomwa, likapakwa ile dawa inayoyeyuka motoni na kuwa kama kioo, likachomwa tena, likatoka likiwa na rangi ya chai ya rangi. Hata waliopita barabarani walisimama kulitazama.

Siku ya kulipeleka, Shangazi alikuwa tena na kazi ya sahani za hoteli. Alimwita Osinya, kijana wa bodaboda wa jirani, akampakia Adeke na birika lililoviringishwa katika blanketi.

"Mwambie Bibi alijaribu wewe ukiwapo," Shangazi alisisitiza. "Utazame vizuri."

"Adeke, kaa sawasawa," alisema Osinya akiwasha pikipiki. "Hii kitu ikivunjika, shangazi yako nakuja kunichoma mimi kwa ile tanuri yake."

Bibi Rukiyah alilipokea birika kwa furaha isiyo kifani. Alitoa mikono yake ndani ya mtandio ili alipakate, na kwa mara ya kwanza Adeke akaiona. Vidole vilikuwa vimekunjamana kama tangawizi, vimelalia upande mmoja, vifundo vimevimba. Hakikuwapo hata kimoja kati yavyo ambacho kingepita kwenye kishikio kile, sembuse vitatu. Bibi alijaribu kuingiza cha kwanza, kikagota. Akajaribu kingine. Kisha akaacha, akalikumbatia birika kwa viganja viwili, akatabasamu.

"Zuri sana," alisema. "Mwambie shangazi yako nimeshukuru. Nitalizoea tu."

Adeke alifungua mdomo. Moyo ulimwambia sema sasa, birika bado zima, hakuna kilichoharibika. Mzee Mahmudu alikuwa amesimama pale akitabasamu, Sharifah akisifia rangi, Hajara akiwaita majirani waje waone. Adeke akafunga mdomo. Akarudi nyumbani na kusema kwamba Bibi ameshukuru, jambo ambalo angalau lilikuwa kweli.

Jumatatu, wakati wa mapumziko, Hajara alimfuata chini ya ukuta wa darasa. Hakuwa na uchangamfu wake wa siku zote.

"Birika limevunjika," alisema. "Bibi aliamka jana alfajiri akataka kulitumia mwenyewe, hakutaka kutuamsha. Likamponyoka, likamwangukia mguuni. Kidole gumba kimevimba hivi."

"Pole," Adeke alinong'ona.

"Na kidole si kitu. Alilia, Adeke. Mimi sijawahi kumwona Bibi akilia. Amesema mikono yake imekwisha, na kwamba Baba asimtafutie chombo kingine tena. Atakuwa anangoja tu." Hajara alipangusa pua kwa mkono wa sare yake. "Na amesema tusimwambie shangazi yako, asije akahuzunika bure. Amesema birika lilikuwa zuri, mikono ndiyo mibaya."

Kengele ililia. Adeke aliingia darasani akaketi, lakini ukimuuliza yale aliyofundisha mwalimu siku hiyo, mpaka leo hajui. Alimwona tu Bibi Rukiyah akiichukia mikono yake mwenyewe kwa kosa ambalo mikono hiyo haikulifanya. Aliona uchungu, akajiona mbaya, na alikuwa na haki ya kujiona hivyo.

Alipofika nyumbani, Shangazi alikuwa kwenye gurudumu, akiimba huku akiinua ukuta wa bakuli.

"Umeonana na Hajara? Bibi anaendeleaje na birika lake?"

Ingekuwa rahisi kusema "anaendelea vizuri." Bibi mwenyewe alikuwa amemfungulia mlango huo. Adeke alisimama na mkoba wa shule begani, akaanza kulia kabla hata ya kuanza kusema.

"Limevunjika, Shangazi. Ni mimi. Sikumtazama. Siku ile nilicheza mpira, nikaja nikakudanganya. Vidole vyake havipiti. Hata kimoja hakipiti."

Shangazi alilisimamisha gurudumu kwa mguu. Bakuli lililokuwa linainuka likalegea na kuanguka upande, wala hakuligusa.

"Ulipolipeleka, uliiona mikono yake?"

"Niliiona."

"Ukanyamaza."

"Nilinyamaza, Shangazi."

Shangazi aliinuka, akanawa udongo, akavua aproni. Adeke alingoja kelele, lakini kelele hazikuja.

"Weka mkoba ndani," Shangazi alisema. "Tunakwenda Malaba. Utakayesema ni wewe."

Walimkuta Bibi Rukiyah kitandani, mguu umeinuliwa juu ya mto. Alipomwona Shangazi alianza kuomba radhi yeye, akasema vidole vyake vya kizee vimeiharibu kazi nzuri ya watu. Adeke alipiga magoti kando ya kitanda.

"Bibi, si vidole vyako," alisema. "Ni mdomo wangu. Nilitumwa nikutazame ukitawadha, nikaona haya, nikaenda kucheza. Nikamwambia Shangazi kwamba vidole vitatu vinapita. Birika lilifinyangwa kwa uongo wangu. Nisamehe."

Sharifah aliyesimama mlangoni alitaka kusema neno kali, Bibi akamwinulia kiganja.

"Kwa hiyo," Bibi aliuliza taratibu, "si mikono yangu?"

"Si mikono yako, Bibi."

Bibi Rukiyah alivuta pumzi, akaitoa. Kisha akaitazama ile mikono iliyolala juu ya shuka kana kwamba imerudi kutoka safari ndefu. "Na mimi nimeitukana siku mbili nzima," alisema, machozi yakimlengalenga. Akamgeukia Adeke. "Umeniumiza, mjukuu wangu, sikufichi. Lakini kwa nini hukuniuliza tu? Mikono hii nani asiyeiona? Ungesema, 'Bibi, nataka kuitazama,' ningekuonyesha mpaka uchoke."

"Naomba niione sasa," alisema Adeke.

"Sasa nimeshatawadha. Lala hapa na Hajara. Alfajiri utaniona."

Shangazi hakukubali haraka. "Kazi ya kuja kutazama ilikuwa yangu, Mama," alimwambia Bibi. "Nilimtwisha mtoto kwa sababu nilikuwa na haraka na sahani. Nami nina sehemu yangu katika mguu huo." Kisha akamtazama Adeke. "Lakini jicho hili lina deni. Liache lilipe."

Kulikuwa bado giza Bibi alipomgusa bega. Adeke alimfuata hadi msalani uani, akakaa mlangoni na taa ya sola. Safari hii alitazama. Bibi aliketi kwenye kigoda na kuegemea ukuta. Hakushika kitu chochote. Kidumu cha maji kilikuwa juu ya kijukwaa cha saruji kando yake, na Bibi alikisukuma kwa nyuma ya kifundo cha mkono mpaka kikainama. Maji yakatoka kwa kishindo, yakamlowesha gauni hadi kifuani, naye akakihangaikia kidumu kisidondoke. Kidumu hakikurudi chenyewe. Ilibidi akivute kwa kiwiko. Alipofika kwenye miguu alikuwa amelowa chepechepe na anatetemeka kwa baridi.

"Ndiyo hivyo," Bibi alisema akicheka kidogo. "Kila siku nikishindwa kungoja, ninaoga bila kukusudia."

Shangazi alipouliza jioni ile baada ya shule, Adeke alieleza yote: kigoda, ukuta, kijukwaa, kifundo cha mkono, maji yanayotoka kwa pupa.

"Mguu wa kushoto anauoshaje?"

Adeke alifikiri. "Sijui, Shangazi. Taa ilikuwa upande mwingine. Sikuona."

Shangazi aliweka chini kisu chake cha kukatia udongo, akamtazama kwa upole kwa mara ya kwanza tangu jana. "Hilo 'sijui' lako linanifaa kuliko yale majibu yote ya siku ile," alisema. "Nitakwenda mwenyewe kuuliza habari za mguu."

Kazi ilianza upya. Shangazi alikumbuka vyungu vya mama yake vyenye matako ya mviringo, vilivyokalishwa juu ya ngata ya nguo ili visiviringike. Chungu cha namna hiyo ukikisukuma kinainama, ukikiachia kinarudi. Basi akafinyanga birika la tumbo la duara lenye kitako kizito, akalitengenezea ngata ya udongo wa kuchomwa ya kulikalia. Nyuma alilipachika sikio pana kama ulimi wa ng'ombe, mahali pa kusukumia kifundo. Halikuwa na kishikio hata kidogo. Halikukusudiwa kuinuliwa.

La kwanza lilimwaga maji yote kwa mkupuo mmoja, kisha likaviringika kutoka kwenye ngata na kuvunjika. Adeke alitaka kulia. Shangazi alichukua vitambaa, akamfunga vidole vyote vya mikono miwili, vimekunjwa ndani.

"Leo utafanya kazi zako hivyo," alisema. "Na ndivyo utakavyojaribu mabirika."

Adeke hakuweza kufungua mlango wa choo mpaka alipotumia kiwiko. Uji ulimmwagikia. Nzi alimtua puani akashindwa kumfukuza vizuri, na Osinya aliyepita akacheka mpaka akaegemea pikipiki yake. "Adeke, leo nakula aje?" aliuliza. "Kama mbuzi," Adeke alijibu, naye akacheka pia. Lakini jioni mikono yake ilipofunguliwa alimfikiria mtu ambaye mikono yake haifunguliwi.

Walijaribu tena na tena. Adeke, vidole vikiwa vimefungwa, alisukuma na kueleza bila kuficha: mdomo huu unamwaga sana, sikio hili linakwaruza, ngata hii haina kina cha kutosha. Mara moja Shangazi alilipenda sana birika moja kwa umbo lake, na Adeke akaona uzito kusema kwamba halirudi vizuri. Akasema. Shangazi alilivunja palepale kabla halijachomwa, akalirudisha kwenye ndoo ya udongo.

Mwishowe lilipatikana, nao wakalipeleka pamoja. Mzee Mahmudu alikuwapo safari hiyo, na alisimama na mikono nyuma kama mtu anayengoja majibu ya daktari. Bibi Rukiyah alikuwa ameridhia kujaribu, ingawa alilitazama birika kwa wasiwasi. Liliwekwa juu ya kijukwaa, likajazwa maji. Bibi aliketi kigodani, akaegemea ukuta, akalisukuma kwa kifundo.

Birika liliinama. Uzi mwembamba wa maji ukamdondokea kiganjani. Aliondoa mkono, birika likarudi kitako, maji yakakatika. Bibi alilisukuma tena. Akaosha viganja, akasukutua, akaosha pua na uso. Hajara alisogea kumsaidia alipofika kwenye viwiko.

"Niache," Bibi alisema. "Niacheni wote. Tokeni nje."

Walitoka, wakasimama uani wakisikiliza maji yakitiririka na kukatika, yakitiririka na kukatika. Mzee Mahmudu alifuta macho kwa kofia yake wala hakujali nani anamwona.

Shangazi Akiror alimwekea Adeke mkono begani. "Sikia, mwanangu," alisema kwa sauti ya chini. "Udongo haujui kubisha. Nikiambiwa vidole vitatu, nafinyanga vidole vitatu. Ukiniletea kweli, nafinyanga kweli. Ukiniletea uongo, naufinyanga huo huo uongo, naupaka rangi nzuri, nauchoma mpaka unakuwa mgumu, kisha anapewa mtu asiye na kosa autumie. Wewe ulidhani unajiepusha na karipio la dakika moja. Aliyelipa ni Bibi. Siku nyingine ukiona haya, sema umeona haya. Ukiwa hujui, sema hujui. Ukishakosea, sema kabla halijavunjika. Mimi nitakasirika, ndiyo, lakini hasira zangu hazimvunji mtu mguu."

"Nimesikia, Shangazi," alisema Adeke, na safari hii hakuitika kwa mazoea.

Kesho yake asubuhi Hajara alifika shuleni akipiga miayo, mtandio umekaa upande, macho mekundu.

"Una nini?" Adeke aliuliza kwa hofu. "Kuna kilichoharibika?"

"Tumeharibika sisi," Hajara alisema. "Bibi ameamka kabla ya muadhini, akatawadha peke yake, akaswali. Kisha akapita mlango hadi mlango kwa fimbo yake, anatugongea: 'Amkeni, wavivu nyie! Mpaka lini nitawangoja?' Hata Baba aliyepakia lori hadi usiku wa manane hakumwonea huruma." Akapiga mwayo mwingine, akatabasamu. "Na amesema kuanzia leo itakuwa hivyo kila siku."